Tathmini: Ziara ya Mafunzo ya Siku 9 Yunnan Kuhusu Utawala wa Mikoa na Maeneo Yanayojiendesha ya China

Huduma ninayoitathmini hapa ni ziara ya mafunzo ya siku 9 inayouzwa na kampuni moja ndogo yenye ofisi mjini Kunming, ambayo sitaitaja jina, kwa wageni wanaotaka kuelewa jinsi China inavyoendesha mikoa yake na, hasa, maeneo yaliyopewa hadhi ya kujiendesha kwa ajili ya makabila madogomadogo. Bei ilikuwa yuan 7,400 kwa kila mtu, bila nauli ya ndege wala viza, nayo ilijumuisha malazi, treni, basi dogo, chakula cha mchana, mkalimani wa Kiswahili na kijitabu cha kurasa 40. Tulikuwa watu 11, wengi wetu watumishi wa halmashauri za Tanzania na wa serikali za kaunti za Kenya, pamoja na vijana wawili wanaosoma Kunming. Mimi nimetumikia serikali za mitaa kwa miaka 14, na nilisafiri na swali moja tu: eneo linapoambiwa kwamba linajiendesha, ni jambo gani hasa linaloweza kuliamua lenyewe? Nitaipima ziara kwa swali hilo, kwa kuwa tangazo lao liliahidi kulijibu.

Kuichagua Yunnan lilikuwa jambo la busara. Mikoa mitano inayojiendesha, yaani Mongolia ya Ndani iliyoundwa mwaka 1947, Xinjiang ya Wauyghur mwaka 1955, Guangxi ya Wazhuang na Ningxia ya Wahui mwaka 1958, na Tibet mwaka 1965, ndiyo inayosikika zaidi nje ya China, lakini anayeanzia huko huiona ngazi ya juu peke yake. Yunnan ni mkoa wa kawaida wenye watu milioni 47.2 kwa sensa ya mwaka 2020, takriban theluthi moja yao wakiwa si Wahan, kabila kubwa kuliko yote China, na ndani yake mna majimbo 8 yanayojiendesha na wilaya 29 zinazojiendesha. Kwa hiyo mgeni anaweza kulinganisha mji wa kawaida na eneo linalojiendesha kwa safari ya treni isiyozidi saa mbili, huku juu ya maeneo yote mawili akiwapo gavana yuleyule, katibu yuleyule wa Chama cha Kikomunisti na hazina ileile ya mkoa.

Kijitabu ndicho kilichotutia taabu kwanza. Ngazi iliyo kati ya mkoa na wilaya, ambayo Wachina huiita zhou inapokuwa ya kabila fulani, imeitwa jimbo katika kurasa za mwanzo. Kufikia ukurasa wa 12 imekuwa mkoa mdogo, na mbele kidogo imegeuka kaunti, neno ambalo Wakenya wenzetu walilipokea kwa maana ya Katiba yao ya mwaka 2010, wakaanza kuuliza gavana wake anachaguliwa kwa kura ngapi. Kwa Mtanzania nalo neno jimbo linamleta mbunge mbele ya macho. Katika tathmini hii nitatumia mkoa kwa ngazi ya juu, jimbo kwa zhou, wilaya kwa ngazi inayofuata na kata kwa ile ya chini kabisa yenye serikali, kwa sababu hakuna namna nyingine ya kulieleza jambo hili bila kulivuruga.

Hata hivyo kijitabu kilipatia katika neno moja muhimu, nalo ni kujiendesha badala ya kujitawala. Wasikilizaji wa matangazo ya Kiswahili kutoka Beijing, yaliyoanza mwaka 1961, wamelizoea neno hilo, na nadhani wengi hawajajiuliza kwa nini watangazaji wanalishikilia. Katiba ya China ya mwaka 1982 inatamka katika ibara ya 4 kwamba maeneo yote ya aina hii ni sehemu zisizotenganishika za nchi, hivyo kinachotolewa ni nafasi ya kuendesha mambo ya nyumbani ndani ya nyumba ya mwingine. Mkalimani wetu, binti aliyesomea Kiswahili Beijing na kuishi Unguja kwa mwaka mmoja, ambaye kila asubuhi alianza kwa kumwamkia shikamoo mzee wetu wa Tabora, alilieleza hilo vizuri kuliko kijitabu chenyewe.

Siku mbili za kwanza zilikuwa Kunming, na mhadhara uliotolewa na mhadhiri mstaafu katika chumba cha mikutano cha hoteli ulistahili pesa yake. Alichora ngazi nne zenye serikali, kuanzia mkoa hadi kata, akaonyesha kwamba kijiji kina kamati yake lakini hakihesabiwi kuwa na serikali, na kwamba kila ngazi ina bunge la umma ambalo kwa mujibu wa sheria ndilo linalomchagua mkuu wa serikali ya hapo. Wananchi hupiga kura moja kwa moja kuwachagua wajumbe wa mabunge ya kata na ya wilaya tu. Wajumbe wa ngazi zilizo juu huchaguliwa na mabunge yaliyo chini yao, na majina ya wanaotarajiwa kushika uongozi huwa yamekwisha kupita katika idara ya Chama inayoshughulikia watumishi ya ngazi ya juu zaidi. Kisha akaeleza jambo ambalo Wachina hulizungumzia kwa mfano wa mikanda na mapande: idara ya elimu ya wilaya ni pande la serikali ya wilaya, lakini pia ni sehemu ya mkanda unaoshuka kutoka wizarani Beijing, ukipitia idara ya elimu ya mkoa na ya jimbo, na kila siku inabidi ijue iusikilize upande upi. Afisa elimu wa halmashauri yetu mwenye barua ya TAMISEMI, ofisi inayosimamia serikali za mitaa Tanzania, mkono wa kulia na ya Wizara ya Elimu mkono wa kushoto angecheka kwa kujitambua.

Mchana tulipelekwa kwenye Jumba la Makumbusho ya Makabila la Yunnan, ambako mavazi yamepangwa kwa ufundi mkubwa. Habari ya maana kuliko zote kwangu ilikuwa ile ya jinsi makabila yenyewe yalivyoorodheshwa. Sensa ya mwaka 1953 iliwaacha watu wajitaje wenyewe, yakapatikana majina zaidi ya 400 nchini, mengi yakitoka mkoa huu. Mwaka uliofuata wataalamu walitumwa Yunnan kuyapunguza kwa kuyaunganisha, na leo orodha rasmi ya taifa ina makabila 56, Wahan wakiwemo. Kabla ya kuwapo eneo la kabila fulani, ilibidi kwanza serikali ikubali kwamba kabila hilo lipo. Mtembezaji aliligusia jambo hilo kwa sentensi moja, kisha akaturudisha kwenye vilemba. Alikumbuka, ni kweli, kutuambia kwamba Zheng He, amiri wa merikebu zilizofika pwani yetu katika karne ya 15, alizaliwa karibu na Kunming katika ukoo wa Kihui, kabila la Waislamu wa China, na Mswahili hawezi kulalamika akipewa habari hiyo.

Siku ya Shilin, kwenye msitu wa mawe, naishauri kampuni iiondoe. Shilin ni wilaya inayojiendesha ya Wayi iliyo chini ya mji wa kawaida wa Kunming, na hilo peke yake lingetosha kwa somo zuri, lakini tulitembea kati ya mawe kwa saa nne na somo halikutolewa.

Chuxiong, makao makuu ya jimbo linalojiendesha la Wayi, kulikuwa na kasoro kubwa ya huduma ambayo, kwa bahati, iligeuka kuwa faida. Ratiba ilisema tutatembelea ukumbi wa huduma za serikali, mahali ambapo mwananchi hupata leseni, vibali na hati kwenye madirisha yaliyo chini ya paa moja. Tulishuka kwenye basi saa nne asubuhi tukakuta milango ya kioo imefungwa kwa mnyororo. Juu ya mlango kulikuwa na kibao chenye maandishi ya Kiyi, herufi zake zimejikunja kama ndoana za wavuvi, na chini yake maandishi ya Kichina. Kwenye kioo palibandikwa karatasi ambayo mkalimani aliisoma mara mbili kabla ya kututazama. Ilikuwa Sikukuu ya Mienge, inayoangukia siku ya 24 ya mwezi wa sita wa kalenda ya jadi, nayo ni siku ya mapumziko kwa jimbo zima kwa mujibu wa kanuni za jimbo lenyewe. Kampuni, ambayo ofisi yake iko Kunming ambako siku hiyo watu walikuwa kazini kama kawaida, haikuwa na habari.

Wenzangu walikasirika, na walikuwa na haki, kwa kuwa kampuni inayouza maarifa ya maeneo haya haina udhuru wa kutozijua sikukuu zake. Mimi nilisimama pale nikiufurahia ule mnyororo. Hatimaye nilikuwa nimeona jambo moja ambalo eneo hili limeliamua na mji jirani haukuliamua. Mkalimani aliongeza kwamba mkoa wa Guangxi nao, tangu mwaka 2014, huwapumzisha watu wake wote, Wazhuang na wasio Wazhuang, kwa sikukuu ya siku ya tatu ya mwezi wa tatu. Jioni tulipelekwa uwanjani kuutazama moto, na baada ya ziara kampuni ilirudisha yuan 300 kwa kila mtu bila kubishana.

Siku tatu za Dali ndizo kiini cha ziara. Jimbo linalojiendesha la Wabai la Dali liliundwa tarehe 22 Novemba 1956, na umbo lake linamfundisha mtu zaidi ya mihadhara mingi: ndani yake mna mji mmoja, wilaya 8 za kawaida, na wilaya 3 ambazo nazo zinajiendesha, ila si kwa ajili ya Wabai. Yangbi na Nanjian ni za Wayi, na Weishan ni ya Wayi na Wahui kwa pamoja. Ibara ya 114 ya Katiba inataka mkuu wa serikali ya eneo linalojiendesha awe raia wa kabila ambalo eneo hilo limetengwa kwa ajili yake. Kwa hiyo mkuu wa jimbo la Dali lazima awe Mbai, na mkuu wa wilaya ya Weishan, aliye chini yake, lazima awe Myi au Mhui. Wabai wenyewe ni takriban theluthi moja tu ya wakazi wa jimbo. Mwalimu mmoja wa kwetu aliuliza ni vipi theluthi moja ipewe eneo lote, akajibiwa kwamba hadhi hii haikujengwa juu ya wingi wa kura: katika Mongolia ya Ndani Wamongolia hawafiki hata moja ya tano ya wakazi, ilhali Tibet zaidi ya watu 8 katika kila 10 ni Watibeti, na sheria inayoongoza mikoa yote miwili ni moja, ile ya kujiendesha kwa maeneo ya makabila ya mwaka 1984 iliyorekebishwa mwaka 2001.

Huko Weishan, mji mkongwe ulio kusini ya Dali, kwenye barabara ya mawe yenye maduka ya tambi zinazoanikwa nje kama nyuzi za mfumaji, tulikwenda hadi nje ya ua wa ofisi za wilaya. Hatukuingia, na mlinzi alituomba kwa upole tusipige picha. Kwenye nguzo za lango vilining'inia vibao virefu vyeupe vilivyoandikwa kutoka juu kwenda chini. Kimoja kilikuwa na maandishi mekundu, na kingine, cha urefu uleule, kilikuwa na maandishi meusi. Mkalimani alisema chekundu ni cha kamati ya Chama cha Kikomunisti ya wilaya na cheusi ni cha serikali ya watu ya wilaya, na kwamba utaratibu huo wa rangi tutaukuta kila tutakakokwenda China, kuanzia kata hadi mkoa. Nilimwuliza ni kibao kipi ambacho Katiba inataka mwenyewe awe Myi au Mhui. Akanyamaza kidogo, kisha akanyoosha kidole kwenye kile cheusi.

Hapo ndipo kijitabu kinaposhindwa kabisa. Ukurasa wa 23 unasema kwa herufi nzito kwamba viongozi wa maeneo haya ni wa kabila husika, na hiyo ni nusu ya habari. Sharti la kabila linamhusu mwenyekiti wa mkoa unaojiendesha, mkuu wa jimbo na mkuu wa wilaya, na pia mmoja au zaidi miongoni mwa mwenyekiti na makamu wenyeviti wa kamati ya kudumu ya bunge la eneo. Halimgusi katibu wa kamati ya Chama, ambaye ndiye mkubwa halisi wa eneo, anayeweza kuwa Mhan aliyehamishwa kutoka mkoa mwingine, na ambaye uteuzi wake hutoka ngazi ya juu. Mkuu wa serikali kwa desturi huwa naibu wake katika kamati hiyohiyo ya Chama. Katika mikoa ya kawaida mambo ni hivyohivyo, gavana akiwa wa pili nyuma ya katibu, ila katika eneo linalojiendesha mpangilio huo una uzito wa ziada, kwa maana kiti kilichohifadhiwa kwa ajili ya kabila ni kile cha pili. Mongolia ya Ndani iliwahi kuwa na Ulanhu, Mmongolia aliyeshika viti vyote viwili hadi Mapinduzi ya Utamaduni yalipomwondoa, na mfano huo ungefaa sana kutajwa mbele ya lile lango. Kampuni inayotoza yuan 7,400 haina budi kuliandika jambo hili katika ukurasa wa kwanza, wala si jambo la siri. Mhadhiri wa Kunming alilisema wazi alipoulizwa.

Somo la ziwa Erhai lilikuwa bora zaidi ya yote, na ninaisifu kampuni kwa kulipanga. Majimbo na wilaya zinazojiendesha yana uwezo wa kutunga kanuni mahususi zinazolingana na hali yao, na hata kutofautiana na sheria za nchi katika baadhi ya mambo, mradi zikubaliwe na kamati ya kudumu ya bunge la mkoa. Dali ilitunga kanuni zake za kulihifadhi ziwa Erhai mwishoni mwa miaka ya 1980 na imekuwa ikizirekebisha tangu hapo. Tulitembea kwenye njia ya kando ya ziwa, mahali ambapo zamani palikuwa na nyumba za wageni zilizoinamia maji, kwa sababu mwaka 2017 serikali ya Dali iliamuru nyumba za wageni na migahawa ya ufukweni ifungwe kwanza ili uchafuzi udhibitiwe. Mtembezaji alilitoa hilo kama mfano wa eneo kujiamulia. Mimi nina wasiwasi na mfano wake. Kanuni zilikuwapo kwa karibu miaka 30 huku majengo yakiongezeka. Kilichobadilika ni kwamba Januari 2015 Xi Jinping alifika katika kijiji kimoja cha ufukweni na kuagiza ziwa lilindwe. Chombo cha kisheria kilikuwa cha jimbo, lakini upepo uliokisukuma ulitoka Beijing, na mpangilio wa miaka unanifanya niamini kwamba vyote viwili vilihitajika.

Jioni hiyo, baada ya chai ya Wabai inayonyweka kwa vikombe vitatu, cha kwanza kichungu, cha pili kitamu na cha tatu chenye ladha za viungo, tulikaa na mhadhiri aliyetufuata kutoka Kunming tukamhoji hadi saa tano usiku. Hayo hayakuwa kwenye ratiba, na ndiyo yaliyokuwa mazuri. Alitusomea ibara ya 20 ya sheria ya mwaka 1984, inayosema kwamba amri ya ngazi ya juu isipolingana na hali ya eneo linalojiendesha, eneo hilo linaweza kuomba kibali cha kuibadilisha au kuisimamisha, na ngazi ya juu inatakiwa kujibu ndani ya siku 60. Mfanyakazi mmoja wa kaunti alisema huko kwao angelipa fedha apate kifungu kama hicho. Mzee wa Tabora akamjibu kwamba kuomba ni kuomba, na muda wa kujibiwa haumzuii mkubwa kusema hapana.

Kisha likaja jambo lililonishangaza kuliko yote. Majimbo kama Dali na Chuxiong yamekuwa na kanuni zake kuu za kujiendesha, zilizoidhinishwa, tangu miaka ya 1980, na wilaya nyingi zinazojiendesha nazo zinazo. Lakini mikoa mitano, iliyo mikubwa na yenye jina, hakuna hata mmoja uliowahi kupata kanuni ya aina hiyo. Sababu aliyoitoa ni ya kiutendaji: kanuni za jimbo huidhinishwa na mkoa, na mkoa una moyo wa kuachia vitu vidogo, ilhali kanuni za mkoa unaojiendesha zinahitaji idhini ya Kamati ya Kudumu ya Bunge la Umma la China, na ili zifike huko wizara za serikali kuu zinapaswa kukubali kwa maandishi ni kodi ipi, madini yapi na mamlaka yapi zinayaachia. Rasimu zimeandikwa na kuandikwa tena. Kwa hiyo, kwa upande huu wa sheria, eneo dogo limefika mbali kuliko kubwa. Habari hii haimo katika kijitabu, na nisingeipata laiti chai isingenywewa polepole.

Xishuangbanna, jimbo la Wadai, tulilifikia kwa treni ya reli ya China na Laos iliyofunguliwa Desemba 2021, safari ya zaidi kidogo ya saa tatu kutoka Kunming. Mjini Jinghong maandishi ya Kidai yako kila mahali, hata kwenye vibao vya ofisi, na mtembezaji wa huko alisimulia vizuri jinsi wafalme wa China kwa karne nyingi walivyowapa watawala wa kurithi wa milimani mihuri na vyeo ili watawale kwa niaba yao, jinsi nasaba ya Qing ilivyoanza miaka ya 1720 kuwaondoa wengi na kuweka maofisa wa kuhamishwahamishwa, na jinsi watawala wa Wadai walivyodumu hadi miaka ya 1950, hadhi ya kujiendesha ilipotolewa badala ya ufalme mwaka 1953. Nusu saa ile ilieleweka kuliko mabango yote ya makumbusho.

Lakini mlima wa Jinuo walituharibia. Wajinuo walitambuliwa mwaka 1979, wa mwisho katika ile orodha ya 56, na eneo lao ni kata ya kabila iliyo chini ya mji wa Jinghong. Kata ya kabila haihesabiwi kuwa eneo linalojiendesha. Mkuu wake huwa wa kabila husika, ila haina uwezo wa kutunga kanuni kama jimbo au wilaya. Pale ndipo mgeni angeonyeshwa mstari unapoishia, yaani kabila linalotambuliwa na taifa zima lakini lisilo na wilaya yake. Tulipewa dakika kumi za maelezo hayo, na saa nzima na robo ya kuonjeshwa chai iliyokuwa ikiuzwa, kwa bei ambayo baadaye niliikuta Kunming ikiwa nusu. Sidhani kwamba ilikuwa ajali.

Pengo kubwa zaidi la ziara ni fedha. Katiba inayapa maeneo haya haki ya kusimamia hazina zao, na tangu mageuzi ya kodi ya mwaka 1994, yaliyoipa serikali kuu sehemu kubwa ya mapato, maeneo mengi ya aina hii yamekuwa yakiishi kwa ruzuku kutoka juu, ikiwemo ile iliyoanzishwa mwaka 2000 kwa ajili ya maeneo ya makabila. Mtu aliyewahi kukaa kwenye kikao cha bajeti cha halmashauri anajua kwamba anayeleta ruzuku huleta na masharti yake. Katika siku 9 hatukuonyeshwa bajeti hata moja, ingawa niliomba mara mbili na mara zote mbili nikaambiwa kwamba muda hautoshi.

Pengo la pili ni ukimya, na hapa sitaki kumlaumu mkalimani, ambaye anaishi huko na ana mipaka yake. Ukurasa wa 31 wa kijitabu una picha za mikoa yote mitano, watu wakicheza ngoma. Mmoja wetu aliuliza kuhusu Xinjiang, akaambiwa haimo katika programu. Kweli haimo, lakini sheria tuliyofundishwa ndiyo inayotumika huko, na huko watu wengi wa Kiuyghur na wa makabila mengine ya Kiislamu walizuiliwa kambini kuanzia mwaka 2017, jambo ambalo Ofisi ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa ililiandikia ripoti tarehe 31 Agosti 2022, ikisema huenda ni uhalifu dhidi ya ubinadamu, na ambalo serikali ya China imelikanusha. Vivyo hivyo, haki ya kutumia lugha ya kabila, iliyosifiwa kila tuliposimama mbele ya kibao chenye maandishi mawili, haiwezi kuelezwa bila kutaja kwamba mwaka 2020 wazazi na wanafunzi wa Mongolia ya Ndani waligoma baada ya masomo kadhaa kuhamishiwa kwenye vitabu vya Kichina. Ziara inayojiita ya mafunzo ingeweza angalau kutosema uongo kwa picha.

Kuhusu mambo ya kawaida ya safari, sina malalamiko: basi dogo lilikuwa safi, dereva alikuwa mwangalifu kwenye kona za milimani, vyumba vilikuwa vya kiasi, na Waislamu wetu wanne walipata migahawa ya Kihui kila siku bila kuomba mara ya pili. Mkalimani peke yake anastahili alama zote. Kijitabu hakistahili hata kuchapwa upya, kiandikwe upya.

Natoa nyota 3 kati ya 5. Anayetaka mandhari atapata ziara nafuu zaidi, na anayetaka utawala aiulize kampuni, kabla ya kulipa, kama yule mhadhiri mstaafu atakuwapo na kama watakubali kuibadilisha siku ya Shilin iwe siku ya bajeti. Achukue pasipoti halisi, kwa kuwa nakala haikubaliki kwenye vituo vya treni, na akienda Julai au Agosti aitafute kwanza siku ya 24 ya mwezi wa sita wa Kichina imeangukia lini.